Mfalme Aliniandika Mwana wa Kiume

Sólyomberek, siku ya Mtakatifu Andrea, 1662

Shangazi yangu Fruzsina, uliyeko Pozsony,

Nakusalimu kwa heshima zote, nikitumaini kifua chako kimetulia na baridi ya mjini haikutesi kama mwaka jana. Huku sisi wazima. Theluji imeanza mapema, kabichi zimekwisha tiwa chumvi mapipani, na Dorka mtunza nyumba analalamikia magoti yake kila asubuhi kisha anapanda ngazi kutushinda sote. Juzi tulimsomea Baba misa ya kutimiza mwaka. Kanisa lilijaa. Wakulima walilia kweli. Mabwana wa jirani walilia huku wananitazama kwa pembe ya jicho.

Leso uliyoiomba inakuja pamoja na barua hii. Sijui kwa nini madhabahu ya Bikira huko Pozsony ihitaji leso niliyodarizi nikiwa na miaka kumi, na mji wenu umejaa watawa wanaodarizi mpaka vidole vinaota sugu. Nilikusudia kumdarizi farasi wangu Fecske. Wewe mwenyewe ulisema ni nguruwe mwenye hatamu. Lakini umeandika kwamba padri anataka kazi ya mtoto asiye na hatia; haya, mtoto ndiye huyo, na nguruwe wake ndiye huyo.

Sasa neno lenyewe. Katika barua yako ya wakati wa mavuno ulisema nikalie kiti cha Baba "mpaka Mungu alete mpango unaofaa". Mpango gani, Shangazi? Wewe ndiye uliyepiga magoti kwenye ofisi za mfalme wiki kumi na nne, Baba alipoona hatapata mtoto mwingine na kwamba akifa bila mwana wa kiume nyumba yetu itarudi kwa taji, yaani mikononi mwa mfalme. Wewe ndiye uliyeileta ile barua yenye muhuri mkubwa kama sahani. Nilikuwa na miaka tisa. Baba aliisoma ukumbini, watumishi wote wamesimama: kwamba tangu siku hiyo Orsolya wa Menyhért ni mwana wa kiume wa kweli na mrithi halali, kana kwamba alizaliwa hivyo. Akamwambia Dorka anivue utepe wa lulu ambao wasichana wetu wasioolewa huuvaa kichwani, akanivika kofia yake ya manyoya, ikanishuka mpaka puani. Watu walicheka. Mimi sikucheka. Nilijiona kama mtu aliyeitwa kwa jina lake kwa mara ya kwanza.

Sasa nina miaka ishirini na mitatu na kofia inanikaa sawasawa. Nijibu waziwazi.

Mwana wa ndugu yako,
Orsolya


Pozsony, wiki ya pili ya Januari, 1663

Orsolya mwanangu,

Salamu nyingi na heri ya mwaka mpya. Kifua changu kinakohoa kama mbwa wa lango lakini bado kinafanya kazi. Bibi Vadkerty, mwenye nyumba ninamokaa, amenipa chumba kilicho karibu na jiko la vigae, Mungu ambariki. Mwaka huu wanawake wa hapa wanavaa kola pana hata hawaoni supu wanayokunywa. Mwambie Dorka nimemkumbuka nilipoonja jemu ya maboga ya hapa; ni takataka, hakuna kama ile yake ya plamu.

Leso imefika, nayo imekwenda mahali pake.

Unauliza mpango gani. Mwanangu, ile barua ya mfalme ilikuwa ua wa kuzuia watu wasiingie shambani. Ua haulimwi wala haupikwi, na mtu haoani na ua. Tulihitaji karatasi inayosema mwana wa kiume ili ardhi isitoke mikononi mwetu mpaka upate mume wa kuitunza. Ndivyo nyumba nyingine zenye barua kama hiyo zinavyofanya, na hakuna binti hata mmoja aliyejitia wazimu wa kuiamini. Karatasi ni karatasi, mwili ni mwili.

Mtoto wa kiume wa Bibi Vadkerty, Kapteni Gáspár, ni mgane wa miaka arobaini, meno yake yote yapo, na hampigi mtumishi ila akiwa na sababu. Amesikia sifa zako. Pasaka ikifika, vaa tena utepe wa lulu, hata kama ni kwa ajili yangu tu. Miaka inakwenda. Msichana anayezeeka na utepe kichwani huchekwa mpaka na mabata.

Sikio halizidi kichwa, Orsolya.

Shangazi yako,
Fruzsina


Sólyomberek, siku kumi baada ya Pasaka, 1663

Shangazi,

Nakusalimu. Dorka anakusalimu. Fecske anakusalimu, ingawa sasa ni mzee na anasalimu kwa kupiga chafya. Barua yako ya Januari ilinifikia majuma kumi na moja baadaye, kwa sababu mchukuzi alikwamishwa mlimani na theluji, akaitumia kuziba tundu la kiatu. Nimeisoma ikiwa na alama ya kisigino.

Lakini mtu wa Kapteni Vadkerty alitangulia kufika. Alikuja Jumatatu ya Pasaka na sanduku dogo la ngozi. Ndani mlikuwa na pete, na jozi ya viatu vyekundu vya kike. Akasimama ukumbini, akatangaza mbele ya watu wote kwamba bwana wake anashukuru kupokea leso ya uchumba kutoka kwa mikono yangu, kwamba analala nayo chini ya mto, na kwamba arusi iwe baada ya mavuno.

Leso ya uchumba. Wewe na mimi tunajua maana yake, hata watoto wa jikoni wanajua. Mwanamke akimpa mwanamume leso aliyoidarizi mwenyewe, amekwisha kusema ndiyo, na akirudi nyuma baada ya hapo hakuna nyumba itakayompa hata maji. Nilisimama pale nimeshikilia mgongo wa kiti cha Baba. Dorka aliinama akaanza kufuta meza iliyokuwa safi.

Nikamwambia yule mtu maneno haya, na nikamtaka ayarudie mpaka ayashike: "Mwambie bwana wako kwamba nyumba hii haina binti. Ina mwana wa kiume, na mwana wa kiume hatoi leso. Hutoa pete. Pete nikitaka kuitoa, nitachagua mwenyewe wa kumpa."

Akaniuliza viatu je. Nikamwambia viatu avirudishe, havinienei.

Shangazi, sitaki habari za kola wala za supu. Ninauliza neno moja na ninataka neno moja. Ni wewe uliyempa?

Orsolya


Pozsony, Mei, siku ya kupatikana kwa Msalaba, 1663

Orsolya,

Nakusalimu kwa amani, ingawa wewe hukunisalimu kwa amani. Kwaresima yote tumekula samaki wa mtoni wenye matope tumboni. Bibi Vadkerty ameniazima joho lake la zambarau kwenda nalo kanisani, na nilipotaka kulirudisha akasema nibaki nalo. Nimekwisha kukaa miaka saba katika nyumba hii. Unakumbuka mume wangu alipokufa bila mtoto, ndugu zake walivyonitolea masanduku yangu uani kabla mishumaa ya mazishi haijazimwa? Nyumba yetu wakati huo haikuwa na nafasi ya mjane, Baba yako alisema hivyo mwenyewe. Anayekula mkate wa watu hujifunza kutafuna kimya.

Kapteni amekasirika. Ameshitaki katika mahakama ya kanisa huko Nagyszombat, nayo itaketi siku ya Mtakatifu Mikaeli. Wakisema leso ilitolewa kwa nia ya ndoa, utapelekwa kwake upende usipende. Tena sikiliza hili: Waturuki wanapanda mto, na kila nyumba ya mabwana itaitwa kutoa mpanda farasi mwenye silaha. Nyumba isiyo na mwanamume itawekwa chini ya mwanamume. Unadhani utawasomea karatasi yako Waturuki?

Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Nimeliona guu likivunjika, mwanangu. Nalijua linavyolia.

*Nami nilikuwa na tandiko.*

Usiujali mstari niliokata hapo juu, kalamu iliteleza.

Shangazi yako


Sólyomberek, Juni, siku ya Mtakatifu Antoni, 1663

Shangazi yangu,

Nakusalimu, na mara hii kwa amani. Huku nyasi zimekatwa, cheri zimeiva, na Dorka amepigana na padri kwa sababu ya nyuki wake. Hukunijibu neno moja nililolitaka, basi nimelijibu mwenyewe.

Wito wa farasi ulikuja. Nikasema kama guu ni la kuvunjika, na livunjike likiwa ndani ya kikuku cha tandiko. Nilivaa koti la Baba lenye vifungo vya fedha, nikajifunga upanga wake, nikaenda kwenye malisho ya jimbo ambako mabwana wote hukaguliwa na kuandikwa. Palikuwa na watu kama mia tatu. Nilipoingia mstarini wa kwanza kucheka alikuwa kapteni wako, maana naye alikuwapo, ameketi juu ya farasi mweupe, na leso yangu ameifunga mkononi.

Akasema kwa sauti ya kusikika mpaka nyuma: "Tazameni, bibi arusi wangu amekuja kuniaga."

Walicheka sana, Shangazi. Hata farasi walishtuka. Nikamsogelea karani wa jimbo, nikamkabidhi barua ya mfalme, nikamwomba aisome yote, kwa Kilatini kisha kwa lugha yetu, asiruke kitu. Aliposoma "mwana wa kiume wa kweli", kicheko kilipungua. Aliposoma "na yeyote atakayelipinga neno hili analipinga taji la mfalme", kikaisha kabisa.

Nikamgeukia kapteni. "Bwana Vadkerty, unaitaka Sólyomberek. Sólyomberek imesimama juu ya barua hii. Kama barua ni ya uongo, ardhi ni ya mfalme, nawe huna chako. Kama ni ya kweli, umemposa mwana wa kiume. Chagua moja, kisha nenda ukamweleze askofu."

Safari ile kicheko kilimwendea yeye. Mzee mmoja mwenye masharubu ya kufika kifuani, aliyepigana pamoja na Baba, akamwambia karani: "Andika, bwana, tusilale hapa. Sólyomberek, mpanda farasi mmoja." Karani akauliza aandike jina gani. Nikasema Orsolya, ndilo nililobatizwa nalo, sikuja kuazima la mtu.

Nimeandikwa, Shangazi. Wino umekauka.

Najua utauliza kama basi najidai mwanamume. Nimejiuliza hilo tangu nina miaka tisa, na jibu langu ni kwamba sijui, wala silali njaa kwa kutojua. Nikivaa kofia ile mimi ni mimi. Nikivaa utepe ninakuwa mtu ninayemwigiza mbele ya wengine, na ninamwigiza vibaya. Mfalme alifikiri anaandika uongo wa kuokoa ardhi. Bila kujua aliandika ukweli.

Ule mstari ulioukata niliuinua dirishani penye jua, nikausoma. Kisha nikapanda darini. Nyuma ya masanduku kuna tandiko dogo la ngozi nyeusi, na upande wa chini mtu amechora kwa kisu herufi F. Dorka alipoliona alikaa chini. Akaniambia wewe ulikuwa mkubwa wa Baba kwa miaka miwili, na kwamba wewe ndiye uliyemfundisha kupanda. Akaniambia siku ya arusi yako, ulipofungwa kitambaa cha wake za watu kichwani, ukiwa na miaka kumi na mitano, Babu alilitoa tandiko lako akampa ndugu yako mbele ya wageni, akasema kichwa kilichofungwa hakipandi farasi. Anasema hukulia. Anasema afadhali ungelia.

Kwa nini hukuniambia? Na mtu aliyepokonywa tandiko, anawezaje kuja kunipokonya langu?

Siku ya Mtakatifu Mikaeli watakuuliza ni nani aliyetoa leso na kwa nia gani. Shahidi ni wewe tu.

Orsolya


Kambini, kwenye kivuko cha mto, mwisho wa Agosti, 1663

Shangazi,

Salamu. Mimi mzima, ila nimeugua homa siku nne na nywele nimezikata kwa sababu ya chawa. Tunalinda kivuko. Waturuki tumewaona mara mbili, nao wametuona, na mara zote mbili tulikuwa wengi kuwapita, nashukuru. Wenzangu sasa hawacheki. Wananiita Sólyomberek, kama walivyomwita Baba, na wananiomba chumvi.

Miezi miwili hujanijibu. Sikulaumu kwa mkate wa watu. Ninajua ukisema kweli utalala wapi: nje. Lakini sitakuomba tena. Nikishindwa mahakamani sitakwenda kwake. Nitakaa kwangu na upanga langoni, waje na maaskofu wao. Nilitaka tu ujue hivyo, usije ukasema hukuambiwa.

Orsolya


Nagyszombat, kwenye nyumba ya wageni, siku ya tano baada ya Mtakatifu Mikaeli, 1663

Orsolya, mwana wa Menyhért,

Nakusalimu. Nimesikia kwa wakili wako kwamba umekwisha kurudi nyumbani kutoka kivukoni. Habari za familia ni kwamba mimi ndiye familia, niko kwenye nyumba ya wageni yenye kunguni, nimekalia sanduku langu. Ni sanduku lile lile. Safari hii nililitoa mwenyewe kabla hawajalitoa wao. Joho la zambarau nimeliacha kitandani.

Sikukuandikia kwa sababu kila nilipoanza niliona haya. Sasa nitajibu neno lako moja: ndiyo. Nilimpa mimi. Nilidanganya habari ya madhabahu. Bibi Vadkerty alisema nikimpatia mwanawe leso yako, chumba cha karibu na jiko kitakuwa changu mpaka nife. Nikajiambia ni kwa faida yako. Si kweli, mwanangu. Niliogopa kufa kwenye baridi, na niliona wivu. Uliponiandikia habari ya kofia iliyokushuka mpaka puani, niliichana barua ile, kisha nikaiunga. Niliipigia magoti ile barua ya mfalme wiki kumi na nne, na kila siku niliyopiga magoti nilikuwa nikijiuliza kwa nini hakuna aliyenipigia mimi.

Mapadri watatu waliketi. Wakili wako alisoma maneno yako, kwamba mwana wa kiume hatoi leso, yakawaudhi. Kisha wakaniita. Kapteni alikuwa amevaa vizuri, mama yake kaketi nyuma yangu, nasikia anavyopumua. Leso iliwekwa mezani. Wakanitaka niweke mkono juu ya Injili niseme kama uliitoa kwa nia ya kuolewa.

Nikasema: "Hakuitoa kwa nia yoyote. Nilimlaghai. Aliyeitoa kwa nia ya ndoa ni mimi, basi bwana akitaka kuoa, na anioe mimi."

Padri wa katikati alificha mdomo kwa mkono. Padri mwingine, aliye mkali, akaniuliza kama ninajua kwamba nimejiaibisha mbele ya ukoo mzima na kwamba hakuna mlango wa bwana utakaofunguliwa tena kwa ajili yangu. Nikamwambia ninaujua mmoja. Halafu wakili wa akina Vadkerty, akitafuta pa kunishika, akaipekua leso akasema kazi mbaya kama ile haiwezi kuwa ya mtoto wa ukoo mkubwa, na akanitaka niseme kwa kiapo mnyama aliyeko pale ni mnyama gani.

Niliitazama. Orsolya, ni nguruwe. Tangu ulimwengu uumbwe hapajakuwa na nguruwe kama yule.

Nikaweka mkono wote juu ya Injili, nikasema, "Ni farasi." Nikalisema mara ya pili, bila kuulizwa.

Wamekuacha huru. Hati inakuja kwa mtu wa askofu. Leso niliichukua mezani kabla hawajaniruhusu, nayo iko hapa, ndani ya barua hii.

Kuna siku nane za njia toka hapa mpaka kwako. Nina miaka hamsini na minane, nakohoa, na kichwa changu kimefungwa miaka arobaini na mitatu. Asubuhi hii nimekifungua. Mwenye nyumba ya wageni alidhani nimerukwa na akili akanipunguzia bei ya supu.

Mwambie Dorka alipake mafuta lile tandiko. Mkono wenye barua hii ukikufikia, mtume mtu aje kunipokea kwenye daraja la kinu, pale Baba yako alipoanguka mtoni kwa kukataa kunisikiliza. Usimtume na gari. Mtume na Fecske. Mzee kwa mzee tutaelewana.

Na sitakaa upande kama bibi arusi; nitampanda mguu huku na mguu huku.

Shangazi yako,
Fruzsina wa Sólyomberek